Siku Wifi Alipokataa Kusaini

Kuna watu mjini wanaosema wifi yangu alifukuzwa kazi kwa uzembe. Wanalisema hilo wamekaa, chai mkononi, na hakuna hata mmoja wao anayeweza kupanda ngazi za ghorofa ya pili bila kushika ukuta. Mimi nilikuwepo. Nilikuwa hatua kumi kutoka kwenye meza yake, na nitaeleza ilivyokuwa. Anayetaka kununa na anune.

Wifi ni mke wa kaka yangu mkubwa. Nilipomjua alikuwa fundi wa sare za shule, sketi za marinda na kaptula, na marinda yake hata ukiyakalia siku nzima hayalali. Kilichompeleka kwenye kiwanja cha miavuli ya kurukia kutoka angani ni mkanda uliochanika. Mwalimu, yule anayeruka kutoka kwenye ndege na wageni wakiwa wamefungwa kifuani mwake, alimletea mkanda huo nyumbani aushone. Wifi akaugeuza huku na huku, akauliza unashika nini. Mwalimu akamwambia unashika mtu. Wifi akamrudishia.

"Nifundishe kwanza unavyomshika," alisema, "ndipo nishone."

Kujifunza huko kulichukua miaka miwili. Alikaa chini ya fundi mzee wa miavuli aliyekuwa anakaribia kustaafu, akafanya mtihani wa chama cha warukaji, akapewa leseni na koleo dogo lenye namba yake mwenyewe, la kubania lakiri, ule muhuri wa risasi unaofunga begi. Kaka yangu akawa anawatania watu kwamba alioa fundi wa sketi na sasa amejikuta na mke anayeshona roho za watu. Alicheka akisema, lakini mwezi wa kwanza alikuwa anamuuliza kila jioni kama wote wameshuka salama.

Kwa asiyejua, begi la mrukaji lina miavuli miwili. Ule mkubwa ndio unaotumika kila siku. Wa pili ni wa akiba, unakaa juu yake, umekunjwa na kufungwa kwa lakiri, na unavutwa pale tu ule mkubwa unapogoma. Ule mkubwa mrukaji anaweza kuukunja mwenyewe akipiga soga. Akiba haiguswi na mtu asiye na leseni. Kila baada ya miezi sita lazima ifunguliwe, ikaguliwe uzi kwa uzi, ikunjwe upya, kisha fundi asaini kadi. Bila sahihi hiyo begi haliruhusiwi kupanda ndege, hata liwe jipya namna gani.

Wifi hajawahi kuruka hata siku moja. Warukaji vijana walikuwa wakimchokoza, unafungaje kitu usichokivaa? Alikuwa akiwajibu kwamba mkunga hahitaji kuwa na mimba. Na hakuwa na woga wa juu kama wageni walivyodhani. Mgeni anaogopa mlango wa ndege. Wifi aliogopa mambo madogo madogo: kamba iliyoanza kufanya manyoya, mchanga kwenye vifungo, na mrukaji mwenye uzoefu anayetaka kupiga kona ya mbwembwe karibu na ardhi ili binti fulani amwone. Alikuwa akisema wengi huvunjika miguu mwavuli ukiwa umefunguka vizuri kabisa, kwa sababu ya sifa. Hilo alilisema mbele yao, kwa sauti, na waliohusika walikuwa wakiangalia viatu vyao.

Yeye ndiye aliyenitafutia kazi pale. Nilikaa kwenye meza ya mapokezi, mlangoni mwa banda la ndege, nikiwaandikisha wageni. Nilikuwa na fomu ya kurasa tatu. Ndani yake kuna upepo, kuteguka, kuvunjika, vifaa kushindwa kufanya kazi, na neno kifo limeandikwa mara sita. Mgeni anasoma, anacheka kidogo, anaweka sahihi. Nilikuwa naiona kama fomu ya kawaida, kama ile ya kufungulia akaunti ya simu.

Sasa niseme kuhusu pini, kwa maana pini ndiyo chanzo cha yote.

Akiba haifungiki kwa kubembelezwa. Kitambaa kinataka kutoka, na chini yake kuna springi inayosukuma. Fundi anavuta kamba ya kitanzi kupitia mkunjo wa kwanza wa begi, anaizuia kwa pini ya muda, anapanda mkunjo wa pili, anahamisha pini, hivyohivyo mpaka juu, ambako pini ya kweli, ile iliyoungana na kishikio cha mrukaji, inachukua nafasi. Pini za muda zinatolewa zote. Moja ikisahaulika ndani, mrukaji atavuta kishikio, pini ya kweli itatoka kama inavyotakiwa, na akiba itabaki imefungwa palepale mgongoni mwake. Ni kosa ambalo mtu mwingine yeyote duniani hawezi kulifanya isipokuwa fundi wa miavuli. Ndiyo maana kila pini ya Wifi ilikuwa na utepe mwekundu mrefu kama kiganja, na ukutani aliweka ubao wenye misumari mitano kwa pini tano. Akimaliza begi, anarudisha pini ubaoni, anahesabu, ndipo anaandika jina lake.

Kiwanja kilikuwa na mabegi matatu ya watu wawili, yale ya kubebea wageni. Wifi alimwambia Bosi, mwenye kiwanja, zaidi ya mwezi mzima: nipe moja moja, muda wa akiba unakaribia kwisha. Bosi akawa anasema kesho. Kesho zikaisha. Yote matatu yakafika mwisho wa muda wiki ileile moja, na Jumamosi yake tulikuwa na wageni kutoka kampuni ya bima, watu kumi na wawili, wameletwa na meneja wao kujifunza ujasiri. Wifi akafunga mabegi mawili Ijumaa na la tatu Jumamosi alfajiri. Saa tatu asubuhi lakiri zote tatu zilikuwa zimebanwa. Zilibaki kadi.

Akageuka kuhesabu ubao. Pini nne.

Alitafuta chini ya meza, kwenye vumbi la pembeni, kwenye mifuko ya aproni, ndani ya viatu vyake. Akaniita tukapiga magoti wote wawili na tochi ya simu. Hakuna. Akakaa kwenye kigoda chake, na nikamwona anakumbuka. Uso ulimbadilika.

Ijumaa mchana utepe wa pini moja ulikuwa umechakaa, akaukata ili ashone mwingine. Akaendelea kuitumia ile pini bila utepe, akijiambia ni kwa dakika chache. Kisha Bosi akamwita akashone pindo la bango la kuwakaribisha watu wa bima, na aliporudi alimalizia begi la pili akaondoka bila kuhesabu; la kwanza pia hakuwa amelihesabia, na alfajiri akaanza la tatu hivyohivyo. Kwa hiyo pini ingeweza kuwa ndani ya begi la kwanza, la pili, la tatu, au isiwe popote.

"Ni bango lake hilo," nilisema. "Yeye ndiye aliyekuchanganya."

"Bango halikunishika mkono," alisema. "Utepe nimekata mimi. Kuhesabu sikuhesabu mimi."

Bosi akaja. Si mtu mbaya wa kupindukia, Bosi. Ana tumbo dogo, miwani mizuri, na maelfu ya miruko kwenye daftari lake, na anapenda wageni wafurahi. Alisikiliza, akapumua.

"Sasa si ufunue tu kifuniko cha juu uangalie?"

"Juu nimeangalia. Ikiwa imebaki kwenye mkunjo wa chini haionekani mpaka begi lifunguke lote."

"Na kufunga tena?"

"Saa mbili na nusu kila moja. Nikiharakisha sana."

Nje kulikuwa kweupe, hakuna upepo, lakini kila mtu pale anajua upepo wa kiwanja kile huamka saa sita na haulali mpaka jioni. Kufungua mabegi kulikuwa na maana moja tu, kwamba siku imekwisha.

Bosi akamwita Mwalimu, aliyekuwa ameshavaa suti yake ya kurukia. "Mwalimu, umeruka miaka mingapi?"

"Kumi na moja."

"Akiba umevuta mara ngapi?"

"Mara mbili."

"Mara mbili." Bosi alimgeukia Wifi kana kwamba amemfunga bao. "Kati ya maelfu. Na pini yenyewe huenda imefagiliwa na takataka. Unataka kuniambia leo, kwa bahati mbaya ya ajabu, mwavuli mkubwa ugome, na pini iwe ndani, na iwe kwenye begi hilohilo?"

"Ndiyo," alisema Wifi. "Hicho ndicho ninachokuambia. Mwalimu, ile mara ya pili, kama akiba ingekuwa na pini ungekuwa wapi?"

Mwalimu alikaa chini sakafuni palepale, akaanza kufungua zipu ya suti yake taratibu.

Hapo Bosi akanifuata mimi. Nasema hili kwa aibu, lakini nikiliruka nitakuwa nimesema uongo. Aliniambia, nenda kaongee na wifi yako, maana hii ni kazi yenu wote wawili. Niliona unga wangu unamwagika. Nina watoto wanaosoma. Nikaenda. Nikamshika bega, nikamwambia kwa sauti ya chini, wifi yangu, saini tu leo, wageni wakiondoka tutafungua yote polepole, hakuna atakayejua.

Aliniangalia mpaka nikatamani kurudi kwenye meza yangu.

"Fomu yako ina kurasa ngapi?" aliniuliza.

"Tatu."

"Zimeandikwa hatari zote?"

"Zote."

"Nionyeshe palipoandikwa kwamba fundi mwenyewe hajui kilichomo ndani."

Watu wale walikuwa wamekubali upepo, wamekubali kuvunjika, wamekubali kufa mara sita. Hawakuwa wamekubali hilo. Nilijisikia mdogo, na hasira ikanipanda, na cha kuchekesha ni kwamba hasira yenyewe nilimwonea yeye.

Bosi akachukua kadi tatu na kalamu, akaziweka mbele yake. Alisema kwa upole, na upole wake ulikuwa mbaya kuliko kelele. Akasema usiposaini, nitampigia fundi wa kiwanja kingine, aje asaini yeye, lakiri si zimeshabanwa? Na wewe ukakae nyumbani.

Wifi akasimama. Akachukua mkasi wake wa kukatia nyuzi. Nilidhani analia, kumbe anapumua tu. Akabeba begi la kwanza mikononi, na la pili begani, akamwambia Mwalimu ambebee la tatu, na Mwalimu akambebea. Wakatoka nje mpaka kwenye mabenchi walikokaa watu wa bima na kofia zao za plastiki vichwani.

"Mimi ndiye niliyefunga akiba zenu," aliwaambia. "Nina pini tano za kufungia. Leo zimebaki nne. Ya tano sijui ilipo, na ni kosa langu, si la mtu mwingine. Ikiwa imo ndani ya moja ya haya, begi hilo halitafunguka mkilihitaji. Sijui kama imo. Nitakata lakiri niangalie, na leo hamtaruka."

Bosi alikuwa nyuma yake. "Ukikata hiyo," alisema, "huna kazi."

Akakata. Tatu zote, moja baada ya nyingine, na vipande vya risasi vikaanguka kwenye nyasi.

Meneja wa bima alianza kulalamika kwamba wamesafiri tangu asubuhi. Mama mmoja mnene kati yao, ambaye saa moja kabla alikuwa ananiomba nimshike mkono, akavua kofia yake. "Meneja," alisema, "mteja angeijua hatari kama hii akaifungia kwenye droo asituambie, tungemlipa sisi?" Wenzake wakacheka kwa nguvu, cheko la watu waliokuwa wanaogopa tangu alfajiri na sasa wamepata ruhusa.

Wifi akavuta kishikio cha begi la kwanza. Springi ikaruka, kitambaa cheupe kikamwagika kwenye nyasi. Hakuna pini. La pili likafunguka vilevile. Hakuna. La tatu nilifumba macho. Niliposikia springi nikafumbua, na Wifi alikuwa amepiga magoti, anapapasa mkunjo kwa mkunjo, kamba kwa kamba. Alipapasa yote matatu tena tangu mwanzo. Pini haikuwemo.

"Umeona sasa?" alisema Bosi. Hata sauti yake ilikuwa imechoka. "Umeona? Siku imeharibika, watu wamepoteza safari, kwa ajili ya kitu ambacho hakikuwepo."

"Sasa najua hakikuwepo," alisema Wifi. "Nusu saa iliyopita sikujua. Wewe pia hukujua."

Angeweza kuondoka hapohapo, ameshafukuzwa. Akarudi kwenye meza yake akaanza kukunja. Bosi alimwuliza anafanya nini. Alimjibu kwamba kilichofunguliwa na yeye kitafungwa na yeye. Alikunja begi moja Jumamosi hiyo na mawili Jumapili, akitumia pini nne zenye utepe, akizihesabu kwa sauti. Kwenye daftari la kazi aliandika kwamba pini ya tano imepotea, tarehe, saa, na sababu, pamoja na kosa la utepe na kosa la kutohesabu. Kisha akasaini kadi zote tatu, herufi zake zile kubwa kama za mtoto wa darasa la pili. Akachukua mkasi, koleo lake la lakiri na kigoda, akaenda nyumbani. Pini yenyewe mpaka leo haijaonekana.

Bosi akaandika barua kwa chama cha warukaji. Neno lililokuwa ndani yake ni mzembe. Wifi aliitwa na kamati, akaenda na gauni lake la harusi za watu, akakubali makosa mawili yaliyokuwa yake bila kung'ang'ana. Walimwuliza kwa nini alikata lakiri mbele za wageni. Alisema kwa sababu wageni ndio waliokuwa wanapanda ndege. Wakampa onyo, leseni wakamwachia. Lakini barua ilibaki kwenye faili, na neno lile likatoka kwenye faili likaingia mjini, na ndilo mnalolisikia mpaka leo kwenye chai zenu. Onyo halikumuuma. Lile neno lilimuuma, na aliniambia hivyo waziwazi, huku anashona marinda, na machozi yakamtoka nikayaona.

Fundi mpya alipatikana, kijana mwenye cheti kizuri na mikono ya haraka. Akiba moja anaimaliza kwa saa moja na dakika kidogo. Sisemi anakosea. Nasema ni saa moja. Lakini warukaji wa kudumu, wale wenye mabegi yao binafsi, walianza kumfuata Wifi nyumbani. Kaka yangu aling'oa milango miwili ya chumba cha stoo akampangia meza ndefu sebuleni, na sasa ukitaka kuangalia taarifa ya habari unaangalia kwa kuchungulia juu ya nailoni ya miavuli. Mwalimu alikuwa wa kwanza kuja.

Mwezi wa saba Bosi akaja mwenyewe. Nilikuwepo, nimekwenda kumsalimia kaka. Alikuwa amebeba mfuko wa safari wa bluu, na hakuna aliyehitaji kuuliza kuna nini ndani, maana kila mtu alijua kwamba muda wa akiba ya begi lake binafsi umekwisha. Alikaribishwa, akakaa kati ya marundo ya sketi, akauliza hali ya watoto. Kisha akasema amemletea kazi.

"Fundi wako ana tatizo gani?" Wifi alimwuliza.

"Hana tatizo."

"Wageni anawafungia?"

"Anawafungia. Kila siku."

"Basi akufungie na wewe."

Bosi alivua miwani akaifuta kwa shati. Kaka yangu akajifanya anatafuta kitu chini ya kiti. "Mimi," alisema Bosi, "nataka unifungie wewe. Sitaki mtu mwingine."

"Andika hilo."

"Hilo lipi?"

"Hilohilo ulilolisema. Kwa maneno hayohayo, kwa chama, mahali uliponiandika mzembe. Ukimaliza, acha begi, utalikuta tayari kesho."

Alimsukumia karatasi ya kuchorea mitindo na penseli. Nilimwona Bosi anataka, naapa nilimwona, mkono ulifika mpaka kwenye penseli. Kisha akasema jambo kama hilo lina utaratibu wake, atalifikiria, akafunga zipu ya mfuko wake na kuaga.

Imepita mwaka na zaidi. Barua haijaandikwa, na Bosi hajaruka tena. Begi lake liko ofisini juu ya kabati, kadi imepitwa na wakati, na watu wakimwuliza anasema ni mgongo. Fundi yule wa saa moja anafunga akiba za wageni palepale, hatua kumi kutoka kwenye meza yangu, na Bosi anawapeleka kwenye ndege akiwapigapiga mabega. Hajampa lake hata siku moja.

Juzi mgeni mmoja, kalamu iko juu ya ukurasa wa tatu, aliniuliza kwa nini mwenye kiwanja haruki. Zamani ningesema mgongo. Nikamweleza yote, tangu pini mpaka mfuko wa bluu, sikupunguza sauti, na Bosi amesimama mlangoni anasikia. Nilimsubiri anikatize, aseme ninamzushia. Hakusema kitu, na mgeni akaiweka kalamu chini.